Ekman, msomi wa Sweden aliyefumbua siri ya upepo na maji ya bahari

MANAHODHA wa Bagamoyo, Saadani na Kunduchi wameishi na pepo mbili tangu enzi za mababu zao. Kaskazi huvuma kati ya Desemba na Machi, na kusi hushika zamu kuanzia Aprili au Mei hadi Oktoba. Katika mwambao huu hakuhitajika profesa wa kufundisha ni upepo upi uletao majahazi kutoka Arabuni na upi uyarejeshao. Lakini je, upepo huo huyasukuma maji yenyewe kuelekea wapi? Swali hilo, ambalo kwa macho laonekana jepesi, lilijibiwa mwanzoni mwa karne ya 20 na kijana wa Sweden aitwaye Vagn Walfrid Ekman.

Ekman alizaliwa Stockholm Mei 3, 1874. Baba yake, Fredrik Laurentz Ekman, naye alikuwa mtaalamu wa bahari. Kijana alisomea fizikia Uppsala, na mihadhara ya Vilhelm Bjerknes wa Norwei ndiyo iliyomvuta kwenye elimu ya mwendo wa maji na hewa.

Chanzo cha umaarufu wake kilikuwa barafu. Kati ya 1893 na 1896 mpelelezi Fridtjof Nansen wa Norwei aliiacha meli yake, Fram, igandiwe na barafu ya Aktiki ili ichukuliwe nayo. Akiwa huko aligundua kwamba barafu haikufuata upepo moja kwa moja, bali ilikwenda kuliani mwake kwa nyuzi 20 hadi 40. Nansen alihisi kwamba sababu ni mzunguko wa dunia, akalifikisha jambo hilo kwa Bjerknes, naye Bjerknes akamkabidhi mwanafunzi wake.

Ekman alilitatua mwaka 1902, na mwaka 1905 akachapisha maelezo kamili. Upepo hukokota tabaka la juu la maji. Tabaka hilo hukokota lililo chini yake, nalo hukokota la tatu, na kila moja huenda polepole zaidi na kupinda zaidi, mfano wa ngazi ya mzunguko ishukayo kilindini. Ukijumlisha yote, maji hayaendi uendako upepo. Huenda upande wake kwa nyuzi 90, kulia katika nusu ya kaskazini ya dunia na kushoto katika nusu ya kusini.

Hapo ndipo hesabu ya barafu inapomgusa mvuvi wa Bagamoyo, mji ulioko takriban nyuzi sita na nusu kusini mwa Ikweta. Wakati wa kusi, maji ya juu husukumwa kuja pwani na kuzama. Wakati wa kaskazi huelekea nje, na maji ya chini yenye rutuba hupata nafasi ya kupanda. Ni kweli kwamba karibu na Ikweta nguvu ya mzunguko wa dunia ni dhaifu, tena mkondo wa pwani ya Afrika Mashariki huenda kaskazini mwaka mzima, na kupwa na kujaa huchanganya mambo. Somalia mambo ni dhahiri zaidi. Kule, ng'ambo ya Ikweta, upepo ule ule wa kusi huyatoa maji nje kwa nguvu, na joto la bahari huweza kushuka chini ya nyuzi 20 katikati ya mwaka. Upepo mmoja, pwani mbili, mavuno mawili tofauti.

Hata hivyo, picha yake ilikuwa laini kuliko bahari yenyewe. Ekman alijua kwamba kwa mnato halisi wa maji, tabaka lake lingekuwa na kina kisichofika nusu mita, ilhali baharini hufika makumi ya mita. Hivyo aliiweka misukosuko ya maji katika hesabu kana kwamba ni mnato mkubwa zaidi. Swali la kama tabaka lenyewe laweza kutulia liliwangoja wengine. Mwaka 1963 Mmarekani Alan Faller alilijaribu katika chombo cha maji kinachozunguka. Mwendo ulipozidi kiasi, tabaka lilivunjika likawa viviringo vilivyolala mshazari. Mwaka 1966 Douglas Lilly alithibitisha kwa hesabu. Kwa kuwa mtiririko huo hupinda kadiri unavyoshuka, hutikisika kwa pande zote tatu, jambo linalowasumbua wahandisi hadi leo.

Ekman hakuwa mtu wa karatasi tu. Alibuni kifaa cha kupima mikondo ambacho vigololi vyake vidogo huangukia katika vyumba vya dira na kuonyesha mwelekeo. Alifundisha Chuo Kikuu cha Lund kuanzia 1910 hadi 1939, na nyakati za faragha alipiga piano, akaimba sauti nzito na kutunga muziki.

Alifariki dunia Machi 9, 1954, huko Gostad, Sweden. Mzunguko ule aliouchora ulipimwa waziwazi katika bahari kuu miaka ya 1980, yeye akiwa kaburini.

Jina la Nansen, aliyemletea swali, limefika hata huku. Meli ya utafiti ya Norwei, Dr. Fridtjof Nansen, ilichunguza samaki wa Tanzania mwaka 1982 na 1983, na meli mpya yenye jina hilo ikarejea mwaka 2018.