Mzee Sewa Haji wa Bagamoyo, na nyumba aliyowaachia watoto

Wandugu memba, na nyinyi wote mnaotusaidia kutoka karibu na mbali,

Mara hii tunawaletea maisha ya mfanyabiashara mmoja Muislamu aliyekufa zaidi ya miaka 120 iliyopita, mbali na kwetu, kando ya bahari. Jina lake ni Sewa Haji Paroo. Wengine watauliza: mtu wa Bagamoyo anatuhusu nini sisi watu wa Masisi na Walikale, tuliorudi juzi tu na kukuta nyumba bila manjanja na mashamba yamekuwa pori? Tunaomba mvumilie kidogo. Tumemchagua juu ya swali ambalo tutalijibu pamoja kwenye mkutano mkuu, swali la darasa letu la watoto wadogo.

Sewa Haji alizaliwa mwaka 1851. Jamaa yake walikuwa Waislamu wa Ismailia, wale wanaoitwa Makhoja, na asili yao ni Kutch, upande wa India. Baba yake alikuwa na duka Unguja, kiisha wakafungua lingine Bagamoyo, ng'ambo ya pili ya maji. Kijana akaingia katika kazi ya baba yake mapema. Aliuza vitambaa, shanga, waya wa shaba na bunduki. Alinunua pembe za tembo, ngozi, nta na asali. Lakini kazi iliyomfanya ajulikane kuliko zote ilikuwa kutafuta wapagazi na kutayarisha misafara ya kwenda bara.

Wakati ule Bagamoyo ndiyo ilikuwa mlango. Msafara ulitoka pale, ukatembea miezi mitatu hivi mpaka Tabora, ukafika Ujiji, ukavuka ziwa Tanganyika, na wengine waliendelea mpaka Kasongo na Nyangwe, katika Maniema yetu. Kila mpagazi alibeba mzigo wa frasila mbili hivi, ni kusema kilo kama 30 na zaidi, kichwani au begani. Kwa wale wetu waliobeba mifuko ya mawe kutoka Bisie mpaka Njingala kwa mguu, kilo 50 mgongoni na matope mpaka magotini, hatuna haja ya kueleza zaidi. Wanajua namna gani mtu anakuwa akifika na mzigo kama ule.

Na lugha hii tunayoandikia ilikuja kwetu kwa njia ile ile. Kiswahili hakikupanda gari. Kilikuja kwa miguu, pamoja na wapagazi na wafanyabiashara, kikafika Maniema, kikapanda mpaka Kivu. Kwa hiyo usiseme Bagamoyo ni mbali. Kila asubuhi tukiamkiana, tunasema maneno yaliyopita pale.

Hatutamsifu Mzee Sewa Haji kama malaika. Biashara ya pembe haikuwa safi. Pembe nyingi zilitoka huku kwetu bara, na katika Maniema watu walichomewa vijiji na kutekwa juu ya pembe na juu ya utumwa. Mtu aliyeuza bunduki na kutayarisha misafara Bagamoyo alipata faida katika dunia ile. Tena alikuwa mkali wa bei. Mwaka 1871 Stanley, yule yule aliyemtumikia baadaye mfalme Leopold katika nchi yetu, alipita Bagamoyo akienda kumtafuta Livingstone. Wapagazi wake aliwapata kwa Sewa Haji, ambaye alikuwa kijana wa miaka 20 tu. Katika kitabu chake Stanley analalamika kurasa kwa kurasa kwamba kijana yule alimzungusha na kumzidishia hesabu. Sisi tunaosoma leo tunajua Stanley naye hakuwa mtu wa kulia mbele ya watu kwamba ameonewa. Lakini tunaona wazi: huyu alikuwa mfanyabiashara kweli, mwenye akili ya feza.

Kilichotufanya tumtafute ni kile alichofanya na feza ile baadaye.

Mwaka 1888 vita viliingia pwani. Kampuni ya Wajerumani ilitaka kuchukua miji, na watu wa pwani wakakataa, wakaongozwa na Abushiri. Bagamoyo ikapigwa. Watu walikimbia nyumba zao, na maelfu walijificha katika uwanja wa misioni ya mapadri Wakatolika, misioni iliyokuwa pale tangu 1868. Waislamu na wasio Waislamu walilala chini ya miti ya misioni ile, wakingoja risasi zikome. Mwisho wa 1889 Abushiri alinyongwa Pangani. Kiisha watu wakarudi mmoja mmoja kutafuta kuta zao.

Tunapoandika haya tunaona sura zetu wenyewe. Tumelala Bulengo, tumelala Mugunga, tumelala Kanyaruchinya, chini ya mahema kwenye mawe ya volkano. Mwanzo wa mwaka 2025 kambi za pembeni ya Goma zilivunjwa, tukafunga godoro juu ya tshukudu na kupanda njia ya Sake. Wengine waliokuwa wamekimbia Walikale walirudi baadaye, wakipita msituni. Kwa hiyo tunajua maana ya mji unaoanza tena.

Bagamoyo ilianza tena, lakini haikuwa ile ya zamani. Mwaka 1891 Wajerumani walihamisha makao yao makuu mpaka Dar es Salaam. Mfanyabiashara mwenye akili angeweza kukusanya vitu vyake na kufuata feza inakokwenda. Sewa Haji alifanya kazi pande zote mbili, lakini Bagamoyo hakuitupa. Alijenga pale nyumba kubwa ya ghorofa, akaitoa iwe shule ya watoto. Hesabu ya mji inasema ni mwaka 1896. Alitaka iwe shule ya watoto wa rangi zote: Waafrika, Wahindi, Waarabu. Fikirini wandugu. Wakati ule kila jamaa ilisomesha watoto wake kivyake, Waislamu katika chuo cha Kurani, Wakristo kwa mapadri. Mtu mmoja, wa jamaa ndogo katika Waislamu, anasema nyumba yangu haitamuuliza mtoto ametoka wapi.

Nyumba ile iko mpaka leo, na watoto wanasoma. Ndiyo Shule ya Msingi Mwambao. Aliyeijenga hayuko, Wajerumani walioipokea hawako, Waingereza waliokuja baada yao hawako. Watoto wako.

Hakuishia kwa shule. Dar es Salaam alitoa feza ya hospitali ya Waafrika na Waasia. Miaka ile ile Wazungu walijengewa yao kando ya bahari, Ocean Road. Hospitali ya Sewa Haji iliwatibu watu wa kawaida zaidi ya miaka 50, mpaka ilipofunguliwa ile hospitali mpya mwaka 1956, ambayo leo ni Muhimbili. Na huko Muhimbili wagonjwa wanalazwa bado katika jengo linaloitwa Sewa Haji. Muulize mtu wa Dar es Salaam, atakuonyesha, hata kama hajui huyo Sewa alikuwa nani.

Tena kulikuwa na wagonjwa wa ukoma, ambao hakuna aliyetaka kuwakaribia. Wale waliowalisha Bagamoyo walikuwa mapadri. Huyu Muislamu hakusema hao ni watu wa Wakatolika, wajipange wenyewe. Aliwawekea msaada.

Alifariki Unguja, mwezi wa pili 1897, akiwa na miaka 46 tu. Na hapa ndipo tunaomba kila memba asome polepole. Hakuacha feza ya kugawanywa siku moja ikaisha. Aliacha nyumba, ili kodi yake iendelee kuwasaidia wagonjwa na wale wa ukoma. Waislamu wanaijua desturi hii tangu zamani, wanaiita wakfu: kitu chenyewe hakiuzwi wala hakirithiwi, matunda yake ndiyo yanatoka kila mwaka kwa kazi iliyotajwa. Mtu amekufa, mti unaendelea kuzaa.

Kuna habari ya mwisho katika maisha yake. Kabla ya kufa, alikuwa amempa kazi mtu mmoja aliyetoka Kutch akiwa mtoto wa miaka 12 hivi, Allidina Visram. Alimfundisha misafara. Baada ya mwaka 1897 mtu huyo aliendelea, akafuata reli ya Uganda, akafungua maduka kila kituo, mpaka akaitwa mfalme wa biashara. Alisaidia misikiti, na makanisa pia. Mwaka 1916 alipatwa na homa katika safari ya Kongo, akafia Mombasa. Mtoto wake wa kiume akajenga shule Mombasa kwa jina la baba, na shule ile inaendelea mpaka leo. Angalieni namna jambo linavyopita kwa mikono: mmoja anamfundisha mwenzake kazi, na pamoja na kazi anamfundisha kutoa.

Sasa turudi kwetu.

Mnajua tuliporudi, wamama walianza darasa la watoto wa miaka mitatu mpaka mitano, chini ya bashi, kwenye kiwanja kilichobaki wazi. Waliona watoto wanabaki peke yao wakati wakubwa wako shambani. Hakuna aliyewatuma. Leo wanakaa pale watoto wa kila kabila la milima hii na la msitu, Wakatolika, Waprotestanti, Waislamu, Waadventista. Wanaimba pamoja, wanakunywa uji pamoja. Wengine baba zao hawaamkiani bado.

Katika komite kuna mawazo mawili, na hatutaki kuwaficha. Wengine wanasema feza kidogo tuliyo nayo iende kwa mbegu na manjanja, kwa sababu mtoto hawezi kusoma akiwa na njaa na mvua inamnyeshea. Wana haki. Gratuité iliyoanza mwaka 2019 inaangalia shule ya msingi. Hawa wadogo bado ni mzigo wa wazazi. Wengine wanasema: kama watoto hawa hawakujuana wakiwa na miaka minne, watajuana wapi? Katika kikundi cha silaha kila mmoja upande wake? Hao pia wana haki. Na kuna swali la tatu, gumu kuliko yote: kiwanja kile tukiandikishe kwa jina la nani? Kuna wanaotaka kanisa moja lichukue, wengine wanaona kila kabila lijenge lake.

Sisi tunaoandika tunaona Mzee Sewa Haji anatupa jibu, angalau nusu. Kwanza, sharti lazima liandikwe siku ya kutoa, wakati watu bado wanapatana: kwamba nyumba hii ni ya watoto wote, na atakayemfukuza mtoto mmoja juu ya kabila au dini amevunja patano. Pili, darasa bila chemchemi ya feza litakufa siku msaidizi akichoka. Tuko na mashini ya kusaga iliyonunuliwa kwa kotizasio zetu. Kama siku moja ya kila juma feza ya kusaga mahindi na mihogo ikiwa ya mwalimu na uji wa watoto, na hilo likaandikwa vizuri, hatutakuwa tunaomba kila mwezi. Hatutakuwa tumenyima watu manjanja, kwa sababu msaada mwingine utaendelea na kazi yake.

Kwa wasaidizi wetu tunasema asante, tena tunasema wazi: msitupe samaki wa darasa hili. Tusaidieni mabati ya paa na mbao za kuta mara moja, na jiwe la akiba la mashini. Mengine tuachieni.

Kuna memba mmoja mzee aliyetuambia kwamba hatuwezi kujilinganisha na tajiri wa pembe. Ni kweli, hatuna misafara. Lakini na yeye hakuwapa watoto wa Bagamoyo utajiri wake wote. Aliwapa nyumba moja yenye mlango usiouliza jina. Hiyo tunaweza, hata kama ni ya mbao.

Mkutano mkuu ukifika, njooni wote, wamama mbele, na walimu wa darasa wakae nasi mezani. Kila mtu atasema wazo lake bila kuogopa, kiisha tutapiga kura. Mpaka siku hiyo, anayepita njia ya kiwanja asimame kidogo pale kwenye bashi na asikilize. Asijaribu kutambua sauti gani ni ya mtoto wa nani. Hataweza.

Tunawatakia amani, na mvua ya kiasi.

Ni sisi, wandugu zenu wa komite ya gazeti.