Charlie Chaplin, Bingwa wa Kuchekesha

Wengi wetu hapa Sakina tumekwisha kuona picha ya yule mtu mfupi mwenye kofia nyeusi, masharubu madogo, suruali pana na bakora. Lakini si wengi wanaojua habari zake, nami nimeona vema niwasimulie.

Charlie Chaplin alizaliwa mwaka 1889, akakulia London, Uingereza. Wazazi wake walikuwa waimbaji. Baba aliwaacha, akashikwa na ulevi, akafa Charlie angali mtoto. Mama akaugua akili. Basi, akiwa na umri wa miaka 7 tu, Charlie alipelekwa na kaka yake Sydney katika nyumba ya kutunzia maskini. Kabla hajatimiza miaka 10 alikuwa akicheza ngoma jukwaani ili apate chakula.

Mwaka 1908 aliingia katika kikundi cha Fred Karno, akajifunza kuchekesha watu bila kusema neno. Mwisho wa mwaka 1913, huko Marekani, aliajiriwa na kampuni ya sinema kwa dola 150 kwa juma. Kufika mwaka 1916 alikuwa akilipwa dola 10,000 kwa juma! Alitunga hadithi mwenyewe, akacheza mwenyewe, akawaongoza wenzake. Nasikia hakuwa bwana mwepesi: katika City Lights, ya mwaka 1931, alirudia kipande kimoja kifupi zaidi ya mara 300.

Mimi napenda zaidi The Gold Rush, ya mwaka 1925. Mchimba dhahabu amekwama katika theluji, hana chakula, anachemsha kiatu chake na kukila kwa adabu kama mgeni wa karamuni. (Kiatu chenyewe kilitengenezwa kwa peremende.) Sisi tunaowajua wana-Apolo wa Mirerani twaelewa upesi. Hata bibi asiyejua ila Kimeru atacheka. Naamini asiyelala njaa hawezi kuutunga mchezo ule.

Hitler alizaliwa siku 4 tu baada yake, naye alikuwa na masharubu kama yale. Mwaka 1940 Chaplin alimfanyia mzaha mbele ya dunia nzima katika The Great Dictator, wakati Marekani haijaingia vitani. Lakini mwaka 1952, alipokuwa safarini kwenda London, serikali ya Marekani ilimfungia mlango kwa kumdhania mkomunisti. Akahamia Uswisi na mkewe Oona na watoto wao. Alirudi Marekani mwaka 1972 kupokea tuzo, na watu wakasimama kumpigia makofi dakika nyingi.

Alifariki siku ya Krismasi, 1977. Hata kaburini hakuachwa: Machi 1978 wezi walichukua jeneza lake wakidai fedha. Oona akakataa kutoa. Mwezi Mei jeneza likapatikana limefukiwa katika shamba la mahindi, akazikwa tena, na safari hii kaburi likamwagiwa zege.