Elijah Lovejoy, mchungaji aliyeharibiwa mashini nne za kuchapa

Jina la Elijah Lovejoy halisikiki sana katika makanisa yetu. Alikuwa mchungaji Mpresbiteri wa Marekani, na pia mtoaji wa gazeti dogo la mtaa lililotoka mara moja kwa juma. Aliuawa tarehe 7 Novemba 1837, siku mbili tu mbele ya kutimiza miaka 35.

Alizaliwa Albion, katika jimbo la Maine, mwana wa mchungaji. Alipomaliza chuo mwaka 1826 alisafiri magharibi mpaka St. Louis, mji wa bandari kando ya mto Mississippi. Alifundisha shule, kisha mwaka 1830 akawa mshirika katika gazeti la St. Louis Times. Wakati ule imani yake ilikuwa baridi na utumwa haukumsumbua. Katika nyumba yake ya kuchapa alifanya kazi kijana mtumwa aliyekodiwa kutoka kwa bwana wake. Kijana huyo, William Wells Brown, baadaye alitoroka, akawa mwandishi wa sifa, na alimkumbuka Lovejoy kwa wema. Hata hivyo tusipite hapa haraka: huyu tunayemwita shahidi alianza kwa kufaidika na jasho la mtumwa.

Mwaka 1832 uamsho ulifika St. Louis, naye akaokoka. Aliacha gazeti, akasoma teolojia Princeton, na mwaka 1833 akapata ruhusa ya kuhubiri. Wakristo wa St. Louis wakamwita arudi awaandikie gazeti la kanisa, St. Louis Observer, lililoanza Novemba mwaka uleule. Aliandika juu ya ulevi, juu ya Sabato, na juu ya Wakatoliki. Maneno yake kwa Wakatoliki yalikuwa makali kupita kiasi, na mimi siwezi kuyatetea. Juu ya utumwa alisema pole pole: uishe, lakini kwa hatua.

Kisha ikaja tarehe 28 Aprili 1836. Francis McIntosh, mtu huru mwenye damu ya Kiafrika, mfanyakazi wa meli, alimuua askari mmoja wakati wa kukamatwa. Umati ulimtoa gerezani, ukamfunga kwenye mti na kumchoma moto akiwa hai. Mwamuzi aliyeitwa Lawless aliwaeleza wachunguzi kwamba ikiwa kazi ile ni ya umati mzima, hakuna wa kushitakiwa. Tena akalaumu gazeti la Lovejoy. Lovejoy aliandika wazi kwamba ule ni uuaji na kwamba mwamuzi amekosa. Mwezi wa saba watu walivamia ofisi yake na kuharibu vyombo vyake.

Alihamia Alton, ng'ambo ya mto, katika Illinois, jimbo lisiloruhusu utumwa. Mashini yake ilishushwa bandarini siku ya Mungu. Yeye, kwa kuishika Sabato, hakutaka ibebwe siku hiyo. Usiku ikatupwa mtoni! Watu wa Alton waliona haya, wakaahidi kumsaidia kununua ingine. Gazeti likatoka tena, sasa kwa jina la Alton Observer, naye akachunga kanisa palepale. Lakini kila alipoandika kwamba utumwa ni dhambi, wafanyabiashara waliotegemea majimbo ya watumwa walikasirika. Mashini ya pili iliharibiwa mwezi wa nane 1837, ya tatu mwezi wa tisa. Huko St. Charles watu waliingia kwa nguvu katika nyumba ya mama mkwe wake wakimtafuta. Mke wake Celia, aliyekuwa mgonjwa, alijitupa kati yao na mume wake. Tangu hapo Lovejoy alilala na bunduki karibu.

Wakubwa wa mji walimwomba aondoke kwa ajili ya amani. Alikataa mbele ya mkutano wao, akilia, akisema hana fasi ingine ya kukimbilia na kwamba kukimbia ni kumkana Bwana wake.

Mashini ya nne ilipofika, yeye na watu karibu ishirini waliilinda ghalani wakiwa na silaha. Umati ukaja usiku. Risasi zilipigwa pande zote mbili, na mshambuliaji mmoja akafa. Walipoweka ngazi ili kuchoma paa, Lovejoy alitoka nje kuwazuia, akapigwa risasi tano. Mashini ilivunjwa, vipande vikatupwa mtoni.

Mambo ya bunduki ile yaliwagawa Wakristo wa wakati wake. Hata kati ya wapinga-utumwa, wengine walihuzunika kwamba mtumishi wa Injili alikufa akiwa ameshika silaha. Sisi wa mashariki, tunaojua usiku wa risasi, hatuwezi kumhukumu kwa wepesi. Lakini nikimsoma, nguvu yake naiona zaidi katika kalamu aliyoirudia mara nne.

Alizikwa tarehe 9, siku ya kuzaliwa kwake. Tribinali iliwashitaki washambuliaji na pia walinzi wa ghala, hakuna aliyehukumiwa. Ndugu yake mdogo Owen, naye mchungaji, aliapa kuendeleza kazi ile. Alichaguliwa katika bunge la Marekani, akawa rafiki wa Abraham Lincoln, akafariki mwaka 1864, mwaka mmoja mbele ya katiba kukomesha utumwa.