Habari za Bibi Karen Blixen na Shamba la Ngong



Sisi tukaao Chanji na mahali pengine katika uwanda wa Ufipa twaijua nchi ya juu. Twaijua baridi ya mwezi wa Juni, na upepo usiokuta mti wa kuuzuia, na udongo usiotoa chakula kingi mpaka mkulima amefukia majani ndani ya matuta yake na kungoja yaoze. Twajua pia ya kuwa mtu aweza kuipenda nchi ya namna hiyo kwa moyo wote, nayo isimtajirishe. Kwa hiyo tumeona vema kuwasimulia habari za bibi mmoja wa Ulaya aliyekaa miaka 17 katika nchi ya juu kama hii yetu, huko Ngong karibu na Nairobi. Alilima kahawa, akapoteza mali yake yote, akarudi kwao mikono mitupu, kisha akawa mtunzi wa vitabu aliyesifiwa duniani. Jina lake ni Karen Blixen. Katika maisha yake mna mambo ya kusifiwa, na mna mambo ya kutuonya. Nasi tutayasimulia yote mawili.

Alizaliwa tarehe 17 Aprili 1885 mahali paitwapo Rungstedlund, kando ya bahari, kaskazini ya mji wa Copenhagen katika Denmark, nchi iliyoshika imani ya Kilutheri tangu mwaka 1536. Baba yake, Wilhelm Dinesen, alikuwa mwenye mashamba na askari, naye aliandika habari za uwindaji. Katika ujana wake alikwenda Amerika, akakaa kitambo misituni karibu na wenyeji wa nchi ile, akawapenda. Watu wa ukoo wa mama walikuwa wafanya biashara matajiri, wenye kushika sana taratibu, wala hawakuwa Walutheri bali Waunitaria. Mtoto Karen alimpenda baba yake kuliko watu wote. Lakini mwaka 1895, kabla mtoto hajatimiza miaka kumi, baba alijinyonga. Huzuni ile haikumtoka Karen maisha yake yote.

Nyumba yenyewe ya Rungstedlund ilikuwa na habari zake. Zamani ilikuwa nyumba ya wageni, na tangu mwaka 1773 alipanga humo mshairi Johannes Ewald, mtoto wa mchungaji, maskini na mgonjwa wa viungo. Ewald aliutunga wimbo ambao Wadenmark huuimba kwa ajili ya mfalme wao. Alikuwa mtangulizi wa wale watunzi wa Ulaya waliotoka mijini kwenda mashamba, wakausifu uzuri wa misitu na mawimbi, na kuona ya kuwa moyo wa mtu husikia huko yale ambayo hausikii katika makelele ya soko. Kilima kilicho katika bustani ya nyumba ile kiliitwa kwa jina lake. Basi Karen alikua akijua tangu utoto ya kuwa ardhi si kitu cha kupimwa na kuuzwa tu. Ni kitu cha kusimuliwa pia.

Mwaka 1912 aliposwa na jamaa yake wa mbali, Bror von Blixen-Finecke, mtu wa cheo katika Sweden, naye hodari wa kuwinda lakini mzembe wa fedha. Wakakubaliana kwenda Afrika. Jamaa za Karen walitoa fedha. Yeye akasafiri kwa meli, akafika Mombasa mwezi wa Januari 1914, na tarehe 14 ya mwezi huo wakaoana papo hapo.

Yafaa msomaji ajue nchi ile ilikuwaje wakati huo. Serikali ya Kiingereza iliwaita Wazungu waje kukaa katika nchi za juu za Kenya, ikawagawia ardhi. Bwana Delamere peke yake alipewa eka 100,000 kwa mapatano ya miaka 99. Sheria ya mwaka 1915 ilifanya ardhi kuwa ya Taji la Uingereza, hata Waafrika waliozaliwa juu yake wakawa kama wapangaji wasio na hati. Wengi walibaki katika mashamba ya Wazungu, wakaitwa maskwota. Waliruhusiwa kujenga, kulima na kuchunga, na badala yake walimtumikia mwenye shamba siku 180 kila mwaka. Katika shamba la Bibi Blixen ujira wao ulikuwa shilingi 12 kwa siku 30.

Shamba hilo lilikuwa na eka 6,000 chini ya milima ya Ngong. Eka 600 zilipandwa kahawa, kiasi cha eka 1,000 zilikuwa mashamba ya maskwota, na nyingine zilikuwa msitu na majani. Lilikuwa mali ya kampuni ya jamaa za mama yake, iliyofanywa mwaka 1916 na kuitwa Karen Coffee Company. Mahali palikuwa pazuri mno, lakini palikuwa juu kupita kiasi cha mkahawa, kiasi cha futi 6,000. Mvua zilikosekana, baridi ilichoma maua, na udongo haukufaa. Baadaye kiwanda cha kukaushia kahawa kikaungua moto. Kila mwaka deni liliongezeka, na kila mwaka yule bibi alitumaini ya kuwa mwaka ujao utakuwa mwema.

Taabu za nyumbani hazikuwa ndogo. Vita Kuu ilipoanza mwaka 1914, alisafiri na magari ya ng'ombe katika nchi ya Wamasai kuwapelekea askari vyakula. Katika siku hizo hizo alishikwa na ugonjwa mzito, ikambidi kurudi Denmark mwaka 1915 kutafuta dawa; na nguvu zake hazikurudi kamili tena. Mume wake alitawanya fedha, hata mwaka 1921 kampuni ikamtoa katika kazi ya kusimamia shamba, na Bibi Blixen akaishika mwenyewe. Mwaka 1925 ndoa yao ilivunjwa.

Wazungu wenziwe wengi walimwona kuwa mtu wa ajabu. Huko porini aliandaa meza yake kwa bilauri na vyombo vya fahari kama nyumba ya mfalme. Alimlea mtoto wa pongo, akampa jina la Lulu na kumvika kengele shingoni. Pongo yule alilala ndani ya nyumba, na hata alipokuwa mkubwa na kurudi msituni, alikuja tena kuwatazama rafiki zake. Lakini lililowashangaza watu zaidi ni kwamba bibi huyo alipenda kukaa na kuzungumza na Wakikuyu, Wasomali na Wamasai, kuwasikiliza mashauri yao, na kuwaona kuwa watu wa kufanya nao urafiki. Mwenye kuiongoza nyumba yake alikuwa Farah Aden, Msomali mwaminifu, ambaye bibi hakufanya jambo kubwa bila ya kumshauri.

Kila asubuhi alitibu wagonjwa mlangoni pake. Akafungua pia shule ya jioni, na waalimu wake walitoka katika misheni za madhehebu mbalimbali. Mmoja wa wagonjwa wake alikuwa mtoto Kamante, mwana wa skwota, ambaye miguu yake ilijaa vidonda. Dawa za bibi zilishindwa, akampeleka hospitali ya misheni ya Waskoti huko Kikuyu, akakaa huko miezi mitatu. Siku ya Pasaka mtoto akarudi, miguu imefungwa vitambaa vya zamani. Akavifungua polepole mbele ya bibi, na tazama, miguu mizima! Akamwambia pia ya kuwa sasa yeye ni Mkristo. Kamante akawa mpishi wake, na sifa za upishi wake zikaenea Nairobi.

Rafiki yake mkubwa kati ya Wazungu alikuwa Mwingereza Denys Finch Hatton, mwindaji aliyependa vitabu. Yeye alimfundisha Kilatini na kusoma Biblia kwa makini. Kila aliporudi kutoka safarini aliketi mbele ya moto na kutaka hadithi, naye bibi alimsimulia usiku kucha. Hapo ndipo alipojifunza kazi yake ya baadaye, kwa maana msimulizi hukomazwa na msikilizaji.

Sasa twafika katika jambo gumu. Mwaka 1929 Kinanjui, mkuu wa Wakikuyu aliyekuwa rafiki na jirani yake, aliugua sana mguu. Watu wa misheni walitaka kumchukua hospitali, lakini mzee hakupenda kwenda huko. Akamwita Bibi Blixen, akamwomba amchukue nyumbani kwake, akafe pale. Bibi akaogopa. Alijua ya kuwa mzee akifa chini ya dari yake, watu wa serikali na wa misheni watamlaumu. Akakataa. Kinanjui akachukuliwa hospitali, akafa huko. Miaka 15 walikuwa wamefanya urafiki, na katika saa ya kufa mlango ulifungwa. Yeye mwenyewe hakuficha neno hilo. Aliliandika katika kitabu chake ili watu wote walisome. Nasi tulifikiri: ni rahisi kumpenda jirani siku ya mavuno, lakini upendo hupimwa siku unapokuwa na gharama.

Mwisho wa shamba ulikuja mwaka 1931. Kampuni ililiuza kwa mtu aliyekusudia kulikata viwanja vya nyumba za watu wa mjini. Tarehe 14 Mei mwaka huo Finch Hatton aliruka Voi kwa eropleni yake, ikaanguka na kuungua, akafa. Bibi Blixen akamzika juu ya milima ya Ngong, mahali panapoonekana nchi yote.

Maskwota nao waliambiwa watoke. Walikuja nyumbani kwa bibi siku baada ya siku, wakaketi kimya nje, wakitaka kujua wataishi wapi. Ombi lao halikuwa fedha. Walitaka wapewe mahali pa kukaa pamoja, jirani na jirani, wasitawanyike kama makapi. Mtu aliyekaa Ufipa ataelewa: aliyeachana na majirani zake huwa hana wa kumshuhudia kuwa baba yake alikuwa nani, wala wa kumsaidia kuzika. Bibi Blixen alikuwa ameuza vyombo vyake, rafiki yake amekufa, na mwenyewe hana fedha. Hata hivyo alitumia miezi yake ya mwisho kwenda ofisi hata ofisi, hata kwa Gavana, akiwaombea. Wakubwa walimwambia hakuna nchi tupu ya kutosha watu wote hao. Hakuacha. Mwishowe serikali ikakubali, ikawapa sehemu ya msitu wa Dagoretti wakae pamoja na ng'ombe zao. Ndipo alipoondoka, akafika kwao mwezi wa Agosti, umri wake miaka 46.

Akarudi katika nyumba ya mama yake, akaanza kuandika. Mwaka 1934 hadithi zake saba zilichapwa Amerika kwa jina la Isak Dinesen, zikasifiwa sana. Mwaka 1937 alitoa kitabu cha habari za shamba lake, kwa Kidenmark na kwa Kiingereza, na kitabu hicho kikasomwa duniani kote.

Lakini si wote waliokipokea kwa furaha. Ngũgĩ wa Thiong'o, mtunzi mkubwa wa Kenya, alimlaumu vikali kwa sababu mara nyingi aliwafananisha Waafrika na wanyama, na kuonyesha upendo kama wa bwana kwa mnyama wake. Shutuma hiyo ni ya haki. Bibi Blixen aliona ya kuwa maskwota wake wamenyang'anywa, akasema hivyo. Lakini alikaa miaka 17 juu ya ardhi ile ile iliyonyang'anywa. Ahabu alilitamani shamba la Nabothi akalitwaa kwa damu. Wengine huja baadaye, wakalikuta tayari limetwaliwa, wakalipenda. Wote wawili wataulizwa.

Alifariki huko Rungstedlund tarehe 7 Septemba 1962. Kabla ya kufa alikuwa ameitoa bustani na msitu wa nyumba ile uwe hifadhi ya ndege, na mwaka 1958 alisema katika redio akiwaomba Wadenmark watoe krone moja moja kuutunza. Maelfu ya watu wakatoa. Alizikwa chini ya mti, mguuni pa kilima cha Ewald. Nyumba yake ya Ngong serikali ya Denmark iliinunua na kuipa Kenya wakati wa uhuru, na tangu mwaka 1986 ni makumbusho.

Basi, ndugu, tujifunze. Bibi huyo aliposhika eka 6,000, alimfungia rafiki mlango. Asipokuwa tena na eka hata moja, alisimama mlangoni pa wakubwa kwa ajili ya watu wasio na kitu, naye hakurudi mikono mitupu. Nchi ni ya Bwana, nasi tu mawakili kwa siku chache. Kila mmoja wetu mwenye shamba, awe na eka mia au tuta moja kando ya nyumba, na ajiulize leo: ni nani akaaye juu yake au kando yake, naye atapata wapi pa kukaa siku nitakapoondoka mimi?