Clamor Schürmann

Clamor Wilhelm Schürmann (7 Juni 1815 – 3 Machi 1893) alikuwa mmisionari na mchungaji wa Kilutheri kutoka Ujerumani aliyefanya kazi kati ya Waaborijini wa Australia Kusini. Pamoja na mwenzake Christian Teichelmann alianzisha mjini Adelaide shule iliyowafundisha watoto wa Wakaurna kusoma na kuandika kwa lugha yao wenyewe. Shule hiyo ilidumu chini ya miaka sita. Vitabu vya lugha vilivyotokana na kazi yake vinatumika hadi leo.

Maisha ya awali

Alizaliwa Schledehausen, karibu na Osnabrück, katika ufalme wa Hannover. Alisoma katika shule ya wamisionari huko Berlin, kisha katika seminari ya shirika la misioni la Kilutheri la Dresden. (Baadaye shirika hilo lilihamia Leipzig, ndilo lililotuma wamisionari Kilimanjaro mwaka 1893, mwaka uleule Schürmann alipofariki.) Safari ya kwenda Australia iliwezekana kwa msaada wa George Fife Angas, tajiri Mwingereza aliyeshiriki kuanzisha koloni la Australia Kusini. Schürmann na Teichelmann walifika tarehe 12 Oktoba 1838, katika meli moja na gavana mpya, George Gawler.

Shule ya Piltawodli

Koloni lilikuwa na umri wa miaka miwili tu, na Wakaurna walikuwa wakiondolewa haraka kwenye ardhi yao. Wamisionari hao wawili walikaa Piltawodli, kando ya mto Torrens, mahali ambapo serikali ilikuwa imetenga kwa ajili ya Waaborijini. Waliamini kwamba mtu hawezi kuhubiriwa wala kufundishwa ila kwa lugha ya mama, kwa hiyo kazi ya kwanza ilikuwa kujifunza. Waliowafundisha walikuwa Wakaurna wenyewe, hasa Mullawirraburka, Kadlitpinna na Ityamaiitpinna, ambao walowezi waliwaita kwa majina ya Kiingereza.

Shule ilifunguliwa Desemba 1839. Watoto walijifunza kusoma, kuandika na kuhesabu kwa Kikaurna. Wazazi walipohama kwa majira, watoto wengi walikwenda nao, na darasa likapungua hadi waliporudi. Baadhi ya barua na maandishi yao yalipelekwa Ujerumani na bado yamehifadhiwa huko.

Mwaka 1840 Schürmann na Teichelmann walichapisha kitabu cha sarufi ya Kikaurna, chenye msamiati wa maneno kama 2,000 na mifano ya sentensi. Ndani yake limo neno pangkarra, yaani eneo la ardhi ambalo mtu hurithi kutoka kwa baba yake. Neno hilo lilikuwa na uzito wake, kwa kuwa walowezi wengi walidai kwamba wenyeji hawakuwa na umiliki wowote wa ardhi. Schürmann alijua kwamba wanao, akawaeleza wakuu wa koloni.

Hata hivyo hakuwa mtetezi wa utamaduni wa Wakaurna kwa ujumla. Alitaka wawe Wakristo na wakulima, na mila nyingi aliziona kuwa za kuachwa. Lugha aliiheshimu kuliko dini yao.

Port Lincoln

Septemba 1840 Schürmann alihamishiwa Port Lincoln, kwenye rasi ya Eyre, kama naibu wa ofisa wa kuwalinda Waaborijini. Kazi ya Piltawodli iliendelezwa na Teichelmann na Samuel Klose. Huko Port Lincoln kulikuwa na mapigano. Mwaka 1842, baada ya walowezi kadhaa kuuawa, alifuatana na askari kama mkalimani. Askari walipowapiga risasi watu wasiohusika, alijitenga na msafara huo. Watu waliokuwa wamemwamini walikuwa wameona yuko upande gani wa bunduki, na imani hiyo haikurudi kirahisi. Katika miaka hiyohiyo alikusanya kamusi ya Kibarngarla, iliyochapishwa mwaka 1844, na baadaye akaandika juu ya maisha ya watu wa eneo hilo.

Kufungwa kwa shule

Gavana George Grey alitaka watoto wafundishwe Kiingereza tu na watengwe na wazazi wao. Mwaka 1845 shule ya Piltawodli ilifungwa, watoto wakahamishiwa shule ya serikali ya bweni mjini, na majengo ya Piltawodli yakabomolewa.

Schürmann alimwoa Wilhelmine Charlotte Maschmedt mwaka 1847. Mwaka 1850 alijaribu tena: alifungua shule huko Wallala, karibu na Port Lincoln, akifundisha kwa Kibarngarla. Lakini mwaka huohuo shemasi mkuu wa Kianglikana Mathew Hale alianzisha kituo cha Poonindie jirani, kilichotumia Kiingereza, na serikali ikakiunga mkono. Shule ya Wallala ilifungwa na wanafunzi wake wakapelekwa Poonindie.

Miaka ya mwisho

Mwaka 1853 alihamia Victoria na kuwa mchungaji wa walowezi wa Kijerumani katika eneo la Hamilton kwa takriban miaka arobaini. Alifariki Bethany, Australia Kusini, alipokuwa akihudhuria mkutano wa sinodi, akazikwa Hamilton.

Urithi

Ivaritji, binti wa Ityamaiitpinna, aliyefariki mwaka 1929, hutajwa mara nyingi kuwa mtu wa mwisho aliyekijua Kikaurna tangu utotoni. Kuanzia miaka ya 1990 wazao wa Wakaurna, wakisaidiwa na mwanaisimu Rob Amery, walianza kuirudisha lugha kwa kutumia hasa kitabu cha 1840. Nyimbo zilitungwa, na Kikaurna kikaanza kufundishwa tena katika Kaurna Plains School, shule ya watoto wa Kiaborijini kaskazini mwa Adelaide. Wabarngarla nao walianza kazi kama hiyo katika miaka ya 2010 pamoja na mwanaisimu Ghil'ad Zuckermann, wakitegemea kamusi ya 1844. Tahajia ya Kijerumani ya karne ya 19 huwapa taabu, kwa sababu Schürmann hakutofautisha baadhi ya sauti za lugha hizo, na wanafunzi wa sasa hulazimika kuamua wenyewe neno lilitamkwaje.