Fadhili William na karatasi za Malaika

Wengi wetu twamjua Fadhili William kwa wimbo mmoja tu, Malaika. Jina lake kamili ni Fadhili William Mdawida, na hilo la mwisho latosha kukuonyesha kwao: Taita, Pwani yetu hii. Alizaliwa 1938. Gitaa likamfikisha Nairobi, akapiga na Jambo Boys, na mwanzoni mwa miaka ya 60 Malaika ikarekodiwa.

Baadaye akaongoza Equator Sound Band. Hii haikuwa bendi ya kujitegemea, ilikuwa bendi ya studio, na mwenye studio alikuwa Charles Worrod. Leo tungemwita meneja, ingawa alikuwa zaidi ya hapo: mashine zake, santuri zake, na ndiye aliyeona kuwa twist inauzika. Humo walikuwemo Daudi Kabaka, Gabriel Omolo, na Nashil Pichen kutoka Zambia. Tusimnyime mtu haki yake, biashara ya aina hiyo ilifungua milango. Helule Helule ya Kabaka ilivuka bahari, na 1968 kundi la The Tremeloes likaiingiza kwenye chati za Uingereza.

Malaika ilikwenda mbali zaidi. Miriam Makeba aliuimba katika albamu yake na Harry Belafonte ya 1965, iliyoshinda tuzo ya Grammy. Boney M nao wakautoa 1981. Wimbo wa kijana aliyeshindwa na mahari ukawa mali. Ndipo swali likawa kubwa: ni wa nani? Fadhili alisema ni wake. Tanzania, Adam Salim akadai yeye ndiye mtunzi. Ubishi ule haukuisha hata baada yao.

Mimi naona hapo ndipo kazi ya meneja ilipo. Kutafuta shoo, yeyote aweza. Kazi ngumu ni kuandika siku ileile nani katunga, nani kapiga, na nani atalipwa nini. Dini yetu imetufunza kuandikiana deni, na wimbo nao ni mali.

Wala si sisi tu. Uingereza, wale wa muziki wa punk, Sex Pistols, walivunjika Januari 1978, na kesi yao na meneja wao, Malcolm McLaren, haikuisha mpaka 1986, wanamuziki walipopata haki zao. Lakini wao walikuwa na mikataba ya kupeleka mahakamani.

Hapa Komarock ninakoishi, kijana hurekodi chumbani kwake, na meneja ni sahibu yake mwenye simu nzuri. Huyo sahibu ndiye ajuaye neno la siri la chaneli ya YouTube. Siku wakikosana, msanii huanza upya, nyimbo zake akizitazama kwa mbali kama mgeni.

Fadhili alihamia Marekani miaka ya 80, akaishi huko miaka mingi, kisha akarudi. Alifariki Nairobi tarehe 11 Februari 2001, Mwenyezi Mungu amrehemu. Sheria ya Hakimiliki tuliyonayo ni ya mwaka huohuo, nayo ndiyo iliyoanzisha Bodi ya Hakimiliki ya Kenya, ambako mtunzi aweza kusajili wimbo kwa jina lake mwenyewe, si la meneja.