Woody Strode: Kaboi Ambaye Hakuwa Steringi

Mashabiki wa picha za kaboi, Thika na Ruiru kama kwingineko, wana sheria yao: steringi hafi. Atapigwa, atafungwa kamba, lakini mwishowe atapanda farasi aende zake. Je, wale wanaokufa mapema ili yeye aonekane shujaa? Marehemu Woody Strode aliifanya kazi hiyo kwa zaidi ya miaka 50.

Alizaliwa Los Angeles, Marekani, tarehe 25 Julai 1914. Alikuwa pande la mtu, urefu wa futi 6 na inchi 4. Kwanza alijulikana kwa mpira wa Kimarekani, ule wa kukimbia na mpira mikononi. Mwaka wa 1946 yeye na Kenny Washington waliingia timu ya Los Angeles Rams, wakati ligi yao ilikuwa imewafungia weusi mlango tangu msimu wa 1933. Baadaye akawa mwanamieleka.

Sinema nayo iliutaka mwili wake tu. Katika Sundown ya 1941 alikuwa askari wa kiafrika katika hadithi ya huku kwetu Kenya, ingawa picha yenyewe ilipigwa kwao Marekani!

Mwaka wa 1960 mambo yakabadilika. Mwelekezi John Ford alimpa nafasi ya Sajini Rutledge, askari mweusi wa farasi anayesingiziwa kumnajisi na kumuua msichana wa kizungu. Picha nzima inamzunguka yeye, tena inaitwa Sergeant Rutledge, lakini jina lililotangulia ni la Jeffrey Hunter, mzungu anayemtetea kortini. Mimi naona hapo alidhulumiwa. Mwaka uo huo, katika Spartacus, akawa Draba, mtumwa Mwethiopia anayemshinda Spartacus lakini anakataa kumuua, kisha anawageukia wakubwa wa Kirumi walioketi kutazama. Anauawa mapema, lakini kifo chake ndicho kinachowasha moto wa watumwa kuasi.

Halafu kuna Once Upon a Time in the West, ya 1968. Majambazi watatu wanangoja treni stesheni. Aliyewahi kungoja gari la moshi lililochelewa anajua uchovu wake. Maji yanamdondokea Strode kichwani, tone, tone. Hasogei. Anavaa kofia, maji yanajaa ukingoni, kisha anayanywa. Hasemi neno. Treni inafika, anapigwa risasi, basi, picha hata haijaanza vizuri! Lakini ukiuliza watu wanakumbuka nini, watakutajia ile kofia.

Mwaka huo huko Italia, Valerio Zurlini alimpa usteringi hasa: Maurice Lalubi, kiongozi wa Kiafrika aliyechorwa kwa mfano wa Patrice Lumumba wa Kongo, aliyeuawa 1961. Kumbe hata hapo ilimbidi afe.

Strode alifariki tarehe 31 Desemba 1994. Mwaka uliofuata ilitoka katuni ya Toy Story, ambayo steringi wake ni mwanasesere kaboi. Anaitwa Woody, na jina hilo alipewa kutokana na Strode.